Muchezo wa RuneScape na Mipango ya Mazoezi: Hukumu Yetu



Katika kurasa hizi tumezoea kupima mabuku. Leo tunapima muchezo wa telefone. Pengine mumoja wenu atacheka, na mwingine atauliza kama tumekosa kazi ya kufanya. Tunawaomba uvumilivu. Vijana wetu wa Goma wanatembea na michezo ya namna hii mufukoni, na wengine wanakaa nayo saa nyingi kuliko wanazokaa na buku lolote. Mutu anayewafundisha anapashwa kujua ni kitu gani. Kuhukumu kitu tusichokiangalia si hukumu, ni uvivu.

Mambo yalianza na kaye. Kijana mumoja anayejitayarisha kupokea Kipaimara aliisahau kwenye benchi nyuma ya mafundisho. Tuliifungua ili tujue ni ya nani, tukakuta ukurasa muzima wa hesabu: "30 mpaka 60. Zinabaki 260.379. Magogo 3.858." Tukafikiri kwamba baba yake anauza mbao. Alipokuja kuitafuta, tulimuuliza biashara inaendelea namna gani. Alicheka, kisha akaona haya kidogo, kisha akatueleza. Haikuwa biashara ya mbao. Ilikuwa mupango wake wa mazoezi katika muchezo unaoitwa RuneScape. Alitueleza muda wa saa nzima, kwa utaratibu, kila neno mahali pake. Ni yule yule ambaye katika mafundisho hasemi kitu tusipomuuliza.

Basi tukaona kwamba jambo hili linastahili kuangaliwa. Tulimwomba atufundishe, na sisi wenyewe tukacheza muda wa majuma machache, jioni, wakati umeme ulipokuwapo. Haya ndiyo tuliyoyaona.

I. MUCHEZO WENYEWE

RuneScape ilitoka Uingereza mwezi wa Januari 2001. Ilianzishwa na wandugu wa jamaa moja, Andrew na Paul Gower, na kompanyi yake, Jagex, inakaa katika muji wa Cambridge. Miaka ilipopita muchezo ulibadilika sana, na wachezaji wengi hawakupendezwa. Kwa hiyo katika mwaka wa 2013 kompanyi ilifungua tena muchezo kama ulivyokuwa mwezi wa Agosti 2007, ikauita Old School RuneScape. Tangu hapo, mambo mapya makubwa yanapelekwa kwanza mbele ya wachezaji, nao wanapiga kura. Tangu mwezi wa Oktoba 2018 unachezwa hata kwenye telefone. Sehemu moja ni ya bure, nyingine inalipiwa kila mwezi. Ni muchezo huu wa pili tunaousema hapa.

Muchezo huu hauna mushindi, wala hauna mwisho. Unapewa mutu mudogo asiye na kitu, unamutuma katika inchi ya kubuniwa, pamoja na maelfu ya watu wengine wanaocheza saa ile ile katika dunia nzima. Anakata miti, anavua samaki, anapika, anachimba mawe, anafua chuma, anapigana na wanyama na majitu. Kila kazi inahesabiwa kuwa ufundi. Kwa miaka mingi ufundi ulikuwa wa namna 23. Katika mwaka wa 2025 uliongezwa wa 24, ule wa kusafiri baharini. Kila ufundi una madaraja, na daraja la juu ni la 99.

Namna ya kupanda ni moja tu: kufanya. Kila tendo linatoa pointi za mazoezi. Gogo la muti wa kawaida linatoa pointi 25. Kamba mudogo anayevuliwa kwa wavu anatoa 10. Kufikia daraja la 2 kunadai pointi 83. Yaani magogo 4 yanatosha, na katika dakika chache mutu mugeni anajiona fundi. Lakini njia inapanda kama njia ya Nyiragongo. Kila madaraja 7, kwa karibu, hesabu inayotakiwa inakuwa mara mbili. Daraja la 50 linadai pointi 101.333, la 70, pointi 737.627, la 99, pointi 13.034.431. Hatua ya mwisho, kutoka la 98 kwenda la 99, inadai pointi 1.228.825, na hizo ni nyingi kuliko zile za safari yote kutoka la 1 mpaka la 75.

Kuna jambo moja ambalo kila muchezaji wa zamani analijua: aliyefika daraja la 92 anazo pointi 6.517.253. Kwa macho amekaribia kabisa, yamebaki madaraja 7. Kwa hesabu yuko nusu ya njia.

II. UZURI WA MUPANGO

Sasa turudi kwenye kaye ya kijana wetu. Alikuwa daraja la 30 katika ufundi wa kukata miti, maana yake alikuwa na pointi 13.363. Alitaka kufika la 60, linalodai 273.742. Alitoa, akapata 260.379. Katika daraja la 30 mutu anaruhusiwa kukata muti unaoitwa willow, na gogo lake moja linatoa pointi 67,5. Aligawanya, akapata magogo 3.858. Kisha alipima kwa saa yake magogo mangapi anayapata kwa dakika, akajua ni saa ngapi za kazi, akazigawa kwa siku za juma, akitoa Siku ya Mungu na siku za mitihani. Pembeni aliandika bei ya mega za intaneti.

Tunasema wazi: mupango huu ni kazi nzuri. Tunaona ndani yake mambo matatu yanayostahili sifa.

Kwanza, unaanza na ukweli. Hakuandika, "Mimi ni fundi mukubwa." Aliandika, "Mimi ni daraja la 30." Ni wangapi kati yetu wanaoweza kuandika daraja lao la kweli katika Kilatini, katika kuhubiri, katika uvumilivu?

Pili, unashusha tamaa kubwa mpaka inakuwa tendo dogo. Hakuna mutu anayeweza kufanya pointi 260.379. Lakini kila mutu anaweza kukata gogo moja. Kila mwaka tunasikia wafratri wakisema, "Mwaka huu nitajua Kilatini." Hatujaona kaye ya mumoja wao yenye hesabu. Mutu anayetaka maneno 1.500, akijifunza maneno 5 kwa siku, atayamaliza kwa siku 300. Neno hili si la akili nyingi. Linadai tu kukaa na kuandika.

Tatu, unafundisha kupanga kitu gani kitangulie. Katika RuneScape kuna safari inayoitwa Waterfall Quest. Haidai daraja lolote kwa kuianza, ingawa ina hatari njiani na muchezaji zaifu anapashwa kukimbia kuliko kupigana. Anayeimaliza anapewa pointi 13.750 katika ufundi wa kushambulia, na vilevile 13.750 katika ufundi wa nguvu. Daraja la 30 linadai 13.363. Basi muchezaji wa daraja la 1 anaruka mara moja mpaka la 30 katika ufundi wa namna mbili. Yule asiyepanga anapiga kuku na ng'ombe wa muchezo siku nyingi ili afike pale pale. Kijana alituambia, "Padri, kazi ni ile ile, lakini mwingine ameanza upande mubaya." Tumekutana na makatekista waliochoka kwa sababu hiyo hiyo.

Wenye kutengeneza muchezo huu wanastahili sifa nyingine tena: hawadanganyi. Hesabu ya kila daraja inajulikana. Hakuna bahati inayomupandisha muvivu mpaka la 99. Kazi inachosha, na muchezo hauifichi. Katika wakati ambapo matangazo mengi yanawaahidi vijana utajiri wa siku moja, muchezo unaosema "pointi milioni 13, gogo kwa gogo" una heshima yake.

III. MAPUNGUFU YA MAZOEZI HAYA

Lakini kuna mambo ambayo hatuwezi kuyanyamazia.

La kwanza: matendo yote yanahesabiwa sawasawa. Gogo la 3.858 linatoa pointi 67,5 kama gogo la kwanza. Anayekata kwa bidii na anayekata akiwaza mambo mengine wanapokea kile kile. Kama kila gogo lingechukua sekunde 6 tu, kazi ile ingeenda zaidi ya saa 6, na katika saa zile vidole havijifunzi kitu walichokuwa hawakijui katika dakika ya kwanza. Namba inapanda, muchezaji anabaki pale alipokuwa.

Waangalieni mafundi wetu. Kijana anayejifunza kutengeneza chukudu hapa Goma anaharibu mbao za eukaliptusi kwanza. Gurudumu lake la kwanza linakataa kuzunguka sawa. La kumi linazunguka, lakini linapasuka chini ya magunia ya makala. Hayo mabaya kumi hayakumupa pointi hata moja, na bila hayo hangekuwa fundi. Muvuvi wa sambaza ziwani Kivu anajua kwamba samaki wanakuja kwenye taa katika usiku wa giza, na mwezi ukiwa mukubwa anarudi na kidogo, hata kama amevua miaka 30. Ufundi wa kweli unajifunza kwa makosa, na unapashwa kusikiliza kitu kilicho nje ya mutu: ubao, maji, mwezi. Katika muchezo kosa halifundishi sana, na ziwa halikatai kwa muda murefu.

La pili: muti unarudi. Katika RuneScape muti uliokatwa unaota tena mahali pale pale, muchezaji akiwa bado amesimama. Sisi tunaokaa karibu na Parke ya Virunga tunajua kwamba mambo si hivyo. Makala yanayopikia vyakula vyetu, sehemu yake kubwa imetoka katika pori lile, na kilima kilichokatwa kinabaki wazi. Hatusemi muchezo ndio uliokata pori. Tunasema tu kwamba mutu aliyehesabu miti elfu nyingi na kila muti ukarudi, amezoea hesabu yenye upande mumoja: anahesabu anachopata, hahesabu kinachobaki.

La tatu ndilo lenye uzito, nalo lilitupa shida kulijibu. Katika muchezo huu pointi hazipungui. Muchezaji akiuawa anaweza kupoteza vitu alivyobeba, lakini daraja lake halishuki. Akiacha muchezo miaka 5 na kurudi, anakuta namba yake kama alivyoiacha. Tulimwambia kijana kwamba hapo ndipo muchezo unapodanganya, kwa sababu ufundi usiotumiwa unakufa. Alinyamaza kidogo, kisha akajibu, "Padri, mule ndani hakuna mutu anayeweza kuninyang'anya daraja."

Tunaandika kutoka Goma. Tarehe 17 Januari 2002 moto wa Nyiragongo ulishuka, ukapita katikati ya muji, ukafunika makartie na maduka na hata kanisa kuu. Tarehe 22 Mei 2021 ulishuka tena, ukameza nyumba nyingi mbele ya kusimama kwenye pembe ya muji. Mwisho wa Januari 2025 vita viliingia, kundi la M23 likaukamata muji, mabanki yakafunga milango, na watu walioweka akiba faranga kwa faranga wakabaki nje. Kijana wa miaka 17 wa muji huu ameona zaidi ya mara moja kwamba kilichopangwa na kukusanywa na baba yake kinaweza kupotea kwa usiku mumoja. Kisha muchezo unamupa mahali ambapo kila gogo linaandikwa na halifutwi. Tusiseme upesi kwamba anapoteza wakati. Anatafuta kitu ambacho sisi wakubwa hatukuweza kumupa, yaani kazi isiyopotea.

Jibu letu ni hili, na tulimupa siku nyingine, nyuma ya kufikiri. Kwanza, gala yenyewe ni ya mutu mwingine. Namba yake inakaa katika mashini za kompanyi moja ya ng'ambo. Siku itakayofungwa, ao siku watakayomufungia mulango, daraja lake limekwenda. Pili, si kweli kwamba katika Goma kila kitu kilipotea. Nyuma ya mwaka wa 2002 mafundi wa mawe walirudi juu ya ule moto uliokauka, wakaupasua, na kwa mawe yale yale yaliyofunika nyumba wakajenga misingi na kuta mupya. Nyumba ilikwenda. Mukono uliojua kujenga haukwenda. Ufundi wa namna hii hauwezi kuungua wala kufungiwa katika banki, na una faida nyingine ambayo pointi hazina: mutu mwingine analala chini ya paa lake.

Kijana hakusema kwamba tumeshinda. Alisema, "Ile ya mawe ni kweli." Kwetu ilitosha.

IV. UFUNDI UNAOITWA SALA

Wasomaji wa kurasa hizi hawatatusamehe tukiruka neno hili. Kati ya ule ufundi wa namna nyingi, mumoja unaitwa Sala. Nao una madaraja kutoka 1 mpaka 99, na unapandishwa kwa kuzika mifupa.

Namna yake ni hii. Muchezaji anaua munyama ao adui, anaokota mifupa, anaizika, anapokea pointi. Mifupa ya kawaida inatoa 4,5. Mifupa ya joka inatoa 72. Lakini anayeipeleka kwenye altare yenye mapambo ya zahabu, vyetezo viwili vya uvumba vikiwaka kandokando, anapata mara tatu na nusu, yaani 252 kwa mifupa ile ile ya joka. Daraja la 43 linatamaniwa sana, kwa maana linafungua sala inayomukinga mutu na silaha za karibu. Linadai pointi 50.339. Hesabu ya mupango ni hii: mifupa ya kawaida 11.187, ao ya joka 700, ao ya joka 200 kwenye altare. Sala ikiwashwa inatumika kama mafuta ya taa, inapungua kidogo kidogo. Ikikwisha, mutu anakwenda kugusa altare na kuijaza tena.

Tunajua kwamba wengine watapiga kelele na kuita jambo hili kufuru. Sisi hatuoni hivyo. Waliotengeneza muchezo hawakutaka kufundisha katekisimu. Walihitaji ngao, wakaipa jina walilolikuta katika hadisi za zamani za mashujaa. Kosa lake ni kosa la kazi, na tunalihukumu kama kosa la kazi: hapa mawazo yao yalikuwa mafupi. Katika ufundi wa kupika kuna moto na samaki, na samaki anaweza kuungua. Katika ufundi wa kukata kuna shoka na muti. Katika Sala hakuna anayesemeshwa. Kuna mifupa na namba.

Tena kuna neno la kuzika. Kuzika wafu ni tendo la huruma; kila mutoto wa katekisimu analijua, na anajua habari za Tobiti aliyetoka usiku kwa hatari kuzika wafu wa taifa lake. Katika muchezo anayezika ndiye aliyeua, na anazika kwa sababu ya pointi. Hilo peke yake lingetosha kwa kicheko. Lakini katika siku zile za mwisho wa Januari na mwanzo wa Februari 2025, watu wa Musalaba Mwekundu walizika maiti wengi sana katika muji wetu, na vijana wa makartie waliwasaidia kubeba. Kijana wa kaye alikuwa mumoja wao. Tulipoangalia kaye yake safari nyingine, tuliona mistari ya kukata miti, ya kuvua, ya kupika, kila mumoja na hesabu yake. Mustari wa Sala, 43, ulikuwa umefutwa kwa kalamu. Hatukumuuliza sababu, naye hakuisema.

Tusimalize neno hili pasipo kujiangalia sisi wenyewe. Ni nani kati yetu asiyekwisha kuhesabu rozari kama mifupa? Fratri anayesema, "Nimemaliza masomo ya kiroho matano juma hili," na hakumbuki hata moja, amepanda daraja gani? Padri anayeandika katika ripoti yake maungamo 300 ya Pasaka ameandika namba ya kweli. Lakini namba haisemi kama alisikiliza. Hatukatai hesabu. Parokia isiyo na mabuku ya hesabu inapotea. Tunakataa tu kufikiri kwamba namba ikipanda, mutu amepanda.

V. MASHAKA MAWILI

Shaka la kwanza: "Huu ni muchezo tu. Kwa nini kuupima kwa uzito namna hii?" Tunajibu kwamba watu wengi hawauchezi tena kama muchezo. Katika miaka ya 2017 hadi 2019, wakati inchi ya Venezuela ilipoangukia katika umasikini mukubwa, watu wengi wa kule walitafuta chakula humo. Waliua majoka, wakakusanya zahabu ya kubuniwa, wakaiuza kwa wachezaji wa inchi tajiri kwa feza za kweli, ingawa sheria ya muchezo inakataza. Kwao mupango wa mazoezi ulikuwa mupango wa mukate. Hatuwezi kuwacheka; tunajua njaa. Lakini muangalieni yule anayenunua. Anatoa feza ili mutu mwingine afanye kazi ambayo yeye mwenyewe aliita mazoezi yake. Ni sawasawa na mwanafunzi anayelipa mwenzake amuandikie kazi ya kalasi. Mazoezi yakiweza kununuliwa, jina lao limekwisha kuwa uongo.

Shaka la pili: "Basi tuwakataze." Tunajibu hapana. Kwanza hatuwezi, telefone iko mufukoni na mufuko hauko mikononi mwetu. Pili, tukikataza tutatupa kitu chema pamoja na kibaya. Kijana anayejua kugawanya 260.379 kwa 67,5, na kukaa katika mupango wake miezi miwili, ana kitu ambacho wakubwa wengi hawana. Kumwambia "acha upuzi" ni kumufundisha kwamba bidii yake yenyewe ni upuzi. Yule anayekesha usiku kucha na kulala darasani ni habari nyingine, naye anahitaji mutu wa kumusimamia. Lakini tumeona kwamba mwenye kaye anakesha kidogo kuliko asiye na kaye, kwa maana anajua saa ya kuacha.

VI. HUKUMU NA SHAURI

Basi hukumu yetu ni hii. RuneScape ni kazi yenye akili na yenye ukweli katika hesabu zake. Inafundisha kupanga vizuri kuliko buku lolote la maadili tulilolisoma kwa vijana, kwa sababu haishauri, inapimisha. Lakini inafundisha kupanga tu; ufundi wenyewe haiufundishi, ingawa inautaja kwa majina 24. Anayemaliza kukata magogo 3.858 hajui kushika shoka. Anayefika daraja la 99 la kupika anaweza kulala njaa mbele ya jiko la makala. Na katika Sala, inataja jina la kitu isichokijua.

Kwa makatekista tunasema: kijana akikuonyesha mupango wake, usiupitie kwa jicho moja. Mwulize hesabu zake. Mwulize kwa nini ameanza na hiki na si kile. Kisha mwulize kama kuna kitu kingine anachotaka kukijua, nje ya telefone, kwa namna ile ile ya kuandika: niko wapi, ninataka kufika wapi, tendo dogo ni lipi, kwa siku mangapi.

Kwa wafratri: mufanye kaye moja kabla ya kuwacheka wenye kaye.

Kwa sisi mapadri: tukumbuke kile kijana alichosema juu ya daraja lisilonyang'anywa. Kama vijana wetu wanapata mahali pa kazi isiyopotea katika mashini ya ng'ambo peke yake, shaka linatuangukia sisi mbele ya kuwaangukia wao.

Kijana anacheza bado. Katika ukataji wa miti amefika daraja la 60, akachelewa juma moja tu kwa sababu ya umeme. Katika kaye yake kuna ukurasa mupya, na juu yake ameandika jina la fundi mumoja wa chukudu wa kartie yao. Chini yake kuna mistari mitatu: Jumamosi 12, magurudumu 4, daraja: 1. Tulimuuliza kila gurudumu lina pointi ngapi. Alisema fundi amekataa kumwambia.